Mwalimu Kitambaa na Mguu wa Mdogo Wake

Wimbo wa kwanza wa Mwalimu Kitambaa, ule ambao leo hii huwezi kupita nyuma ya nyumba za watu bila kuusikia, ulitungwa kwa sababu hakutaka kushika pua ya mtoto wa mtu. Wanaosema aliutunga kwa mapenzi wanajisemea tu. Siku yake ya kwanza katika shule ya chekechea alipewa darasa la wadogo kuliko wote, chumba cha sakafu ya saruji kilichonuka mikojo na maziwa yaliyoganda. Kabla hajafika mezani, mtoto mmoja wa kike alimjia na kamasi za kijani zilizoshuka mpaka mdomoni, akanyanyua uso, akangoja afutwe. Mwalimu alirudi kinyumenyume mpaka mgongo ukagota ubaoni. Mtoto akasogea. Kamasi zikapanda, zikashuka. Mwalimu akahisi chai ya asubuhi inamrudia kooni.

Basi akachomoa kitambaa kwenye mkono wa blauzi, akamrushia mtoto kwa mbali, akaanza kuimba. Hakuwa na nia ya kutunga chochote. Alitaka tu mtoto yule ajifute mwenyewe, hatua kwa hatua, bila yeye kusogea.

Pua yangu bomba bovu, linavuja, linavuja,
Kaja fundi, kaja fundi, fundi gani? Fundi mimi!
Kitambaa mkononi, finya, vuta, kunja, tia,
Asiyejifuta pua, konokono rafikiye.

Kufikia mapumziko darasa zima lilikuwa linajifuta, hata wale wasio na mafua, wengine wakijifinya pua mpaka machozi yakawatoka. Mwalimu mkuu alipita dirishani, akasimama, akaweka mkono kifuani, akasema shule imepata mama. Mama mwenyewe alikuwa kwenye kona, mikono nyuma, anameza mate ili asitapike mbele ya mkubwa wake wa kazi.

Jina la Kitambaa alipewa na watoto, na watoto hawamzungushi mtu. Walimwona anavyofungua mlango kwa kitambaa, anavyopokea chaki kwa kitambaa, anavyoshika madaftari yao kwa ncha za vidole kana kwamba yameokotwa jalalani. Hakuchukia watoto. Aliwapenda kwa namna yake, alipenda akili zao na uchokozi wao, alicheka nao mpaka mbavu zikamuuma. Ila kila mtoto alikuja na mwili, na huo mwili ndio uliomshinda. Mate, makamasi, kucha zenye weusi, masikio yanayotoa usaha, vidole vilivyotoka kusikojulikana na kutaka kumshika shavu.

Ndivyo alivyofanya kazi maisha yake yote: kila kilichomtia kinyaa alikitungia wimbo, ili mwenye uchafu ajisafishe mwenyewe, na yeye abaki mlangoni. Alitunga wa kucha, wa chawa, wa masikio, na ule wa chooni ambao wazazi waliulalamikia kwenye kikao na kisha wakawa wanauimba majumbani kwao. Alikuwa na kipimo kimoja tu. Alisimama mlangoni, mikono amekunja, akaimba wimbo mpya huku anatazama. Mstari ambao mtoto anakwama na kumgeukia yeye kuomba msaada, huo ni mstari mbovu, anautupa anatafuta mwingine. Wimbo ukiisha bila mtoto hata mmoja kumgeukia, umekamilika. Hakuwahi kuwa na kipimo kingine, na hakikuwahi kumwangusha.

Nyumbani mambo yalikuwa magumu zaidi, maana nyumbani alikuja mdogo wake wa kiume. Wa tumbo moja hawa, lakini ni kama mama yao alipika chungu kimoja cha kinyaa akampakulia chote mtoto wa kwanza, wa pili akaambulia chungu kitupu. Toka utotoni mdogo huyu aliokota vyura, alilamba magoti yake yaliyochubuka, na alipokuwa mtu mzima akaenda kuendesha gari la majitaka. Alizunguka mitaani na tangi na mpira mnene, akinyonya mashimo ya vyoo ya maskini na matajiri bila kubagua. Gari hilohilo ndilo lililomsomesha dada yake chuo cha ualimu, jambo ambalo yeye hakulitaja hata siku moja na dada yake alilikumbuka kila alipomwona.

Kulikumbuka hakukupunguza harufu. Alipokuja kumtembelea, dada alimpokea kwa kumpungia kitambaa kutoka mlangoni, kisha akamwelekeza kwenye bomba la nje, sabuni iko pale, taulo lako lile. Ndani alikuwa na kiti chake kilichovalishwa plastiki na kikombe chake ambacho hakikuchanganywa na vingine.

"Dada," mdogo wake angesema akijipangusa, "leo nilikuwa kwa mkubwa mmoja. Usimwone na tai shingoni. Nakuambia, wakubwa wananuka kuliko sisi."

"Nyamaza, nataka kunywa chai."

"Kunywa. Na hiyo chai nitaikuta kwenye tangi kesho."

Naye angeusukuma mkate mbali na kutoka nje kupunga hewa, huku mdogo wake amejishika tumbo kwa kicheko. Walikaa hivyo miaka na miaka, wakipendana vizuri tu, ng'ambo ya meza. Hawakuwahi kukumbatiana. Hata kwenye maziko ya mama yao alimshika bega kwa kitambaa.

Huku nje sifa zikaja. Redio ilimchukua, ikampa kipindi chake cha asubuhi, na nyimbo za makamasi zikaenea mashuleni haraka kuliko makamasi yenyewe. Hapo ndipo Mwalimu alipopata kinyaa cha aina ya pili, kibaya kuliko cha kwanza. Alikutana na watunzi wenzake. Walikuwa watu wa vipepeo na maua, watoto wote kwao ni malaika, kila mstari umepakwa asali mpaka unanata. Walikuwa na sauti maalumu ya kuzungumzia watoto, nyembamba na ya kubembeleza, ambayo ilimfanya ajisikie kama amekanyaga kitu laini gizani. Mkuu wa vipindi alimwomba aondoe konokono kwenye wimbo wa pua, aweke njiwa.

"Njiwa hana kamasi," Mwalimu alijibu.

"Lakini Mwalimu, ni kwa ajili ya watoto."

"Ndiyo maana. Watoto wanajua vizuri kilichomo puani mwao. Wanaodanganyana ni sisi."

Konokono akabaki. Mwalimu akajenga fahari yake juu ya jambo hilo, kwamba katika kundi lote lile la wapaka asali yeye peke yake aliyasema mambo machafu kama yalivyo. Watu walimkumbatia barabarani na kumwita mama wa watoto wote. Alisimama wima kama nguzo mpaka wamalize, halafu alikwenda kuosha mikono na shingo.

Kisha mdogo wake akaugua. Kisukari kilikuwa kimemnyemelea muda mrefu juu ya usukani bila yeye kukijali, na siku moja kiatu kilimchuna mguuni, mchubuko ukawa kidonda, kidonda kikakataa kupona. Mke wake alikwisha fariki. Watoto wake walikuwa mbali, wana simu nyingi na nafasi chache. Dada akamchukua, akampa chumba cha nyuma chenye dirisha linalotazama ukuta wa jirani.

Hospitali daktari hakuzungusha maneno. Alionyesha kidonda kwa kalamu, kimeanzia juu ya kifundo na kushuka mbele na nyuma mpaka kisiginoni.

"Kinatakiwa kioshwe kila siku, kote, na mtu mwingine, sio yeye. Yeye mguu huu hausikii tena, hata ukimchoma sindano hajui. Kikioshwa vizuri kitafunga. Kikichafuka tutaukata. Sasa nani ataosha?"

"Mimi," alisema Mwalimu.

Neno lilimtoka kabla hajalitazama. Mdogo wake alimgeukia na kukohoa, na Mwalimu alijua fika kwamba kile hakikuwa kikohozi.

Asubuhi iliyofuata aliingia chumba cha nyuma na beseni la maji ya chumvi, pamba, na bendeji mpya. Alivaa glavu, na juu ya glavu akashika kitambaa. Mdogo wake alikaa kitandani, ameuweka mguu juu ya kigoda. Mwalimu alivuta ncha ya bendeji. Ilikuwa imegandamana na nyama, ikatoka na kitu cha njano kinachovutika, na chini yake kidonda kilikuwa chekundu na chenye unyevu, kikitoa joto na harufu tamutamu iliyomwingia mpaka kwenye meno. Akaiacha bendeji. Akatoka mbio, akatapikia kwenye sinki la jikoni, akarudi amefuta mdomo, akasimama mlangoni. Kuingia ndani tena miguu ilikataa kabisa.

"Pumzika dada," mdogo wake alisema. "Nimeona mabaya zaidi ya haya kabla ya chai."

Angeweza kumwita muuguzi wa zahanati. Lakini muuguzi angeuliza kwa nini, na jibu lilikuwa aibu tupu, kwamba mwalimu anayefundisha nchi nzima usafi anaogopa mguu wa mdogo wake. Kwa hiyo akafanya anachokijua. Alisimama palepale mlangoni, mikono amekunja, akatunga.

Mguu wangu, ewe mzee, njoo kwangu nikuoshe,
Maji vuguvugu chumvi, mwaga mbele, mwaga kando,
Futa taratibu, futa, pamba safi, kisha funga,
Ukitaka kunikimbia, utakwenda bila mimi.

Mdogo wake alicheka mpaka beseni likamwagika kidogo. Kisha akatii kama mtoto wa chekechea. Alimwaga mbele, akamwaga kando, akafuta, akafunga, na Mwalimu alimtazama kwa jicho lake la kazi. Hakukwama popote. Hakumgeukia hata mara moja. Wimbo umekamilika, Mwalimu alijisemea, na moyo ukamtulia.

Ikawa ndiyo ada yao. Kila asubuhi alimpelekea vifaa, akaviweka sakafuni kwenye kizingiti, akavisukuma kwa mguu, akasimama, wakaimba wote wawili. Mdogo wake alikuwa na sauti nzito ya madereva, akauongezea wimbo vibwagizo vya gari, akapiga honi kwa mdomo kwenye neno funga. Majirani walisikia wakasema wazee wale wana raha. Na ni kweli, walikuwa na raha. Mwalimu alianza kuamka akiingojea saa ile. Kidonda cha mbele kilianza kukauka pembeni, akakiona kwa macho yake kutoka mlangoni, akajipongeza.

Harufu ndiyo ambayo haikutaka kuelewa. Badala ya kupungua iliongezeka, ikatoka chumba cha nyuma, ikaja ukumbini, ikakaa kwenye mapazia. Mwalimu alifungua madirisha. Alipiga deki kwa dawa. Alimshuku panya aliyefia darini, akamwita kijana wa kupanda juu, kijana akashuka na vumbi tu. Alilaumu shimo la choo la jirani, na mdogo wake, bingwa wa mashimo, akasema kwa uzito wote kwamba ndiyo, shimo lile linaonekana limejaa. Siku nyingine alimkuta amelala na mguu umefunikwa blanketi mbili mchana wa jua kali, akamuuliza kama anahisi baridi. Akasema kidogo.

Watu wa redio wakaja kipindi hicho. Walitaka kutengeneza simulizi ya maisha yake, na mtangazaji waliyemtuma alikuwa mwenye ile sauti, sauti ya vipepeo kabisa, msichana wa kucha ndefu na manukato, aliyemkumbatia mlangoni na kumwita mama yetu sote. Mwalimu alimwonea kinyaa kuanzia kwenye kizingiti. Msichana alikaa ukumbini, akaweka kinasa sauti mezani, na pua yake ikacheza mara moja, basi, adabu ikaizuia.

"Mwalimu, hebu tuambie siri ya mapenzi yako makubwa kwa watoto."

"Sina siri."

"Wasikilizaji wangependa kusikia kuhusu mikono hii iliyolea vizazi."

Mwalimu aliitazama mikono yake, misafi, mikavu kwa sabuni. Kabla hajajibu, sauti ya mdogo wake ikatoka chumba cha nyuma, imeshaanza wimbo, maana saa yao ilikuwa imefika na yeye hakuwa mtu wa kungoja redio. Msichana akachangamka. Wimbo mpya? Ambao haujasikika popote? Akanyakua kinasa sauti, akaelekea nyuma kabla Mwalimu hajasimama sawasawa.

Walimkuta anamwaga maji aliyowekewa kizingitini kabla mgeni hajafika. Mbele, kando. Alipomwona mgeni akazidisha madoido, akapiga honi, akafunga bendeji kwa maringo. Msichana alicheka kwa dhati na kupiga makofi. Kisha kicheko chake kikakatika. Nzi walikuwa wakitua nyuma ya mguu, chini ya kifundo, mahali ambapo bendeji mpya ilikuwa imekwisha loa rangi ya kahawia.

"Babu," aliuliza, na ile sauti ya asali ilikuwa imemtoka, "huku nyuma mnapaosha vipi?"

Mdogo wake alianza kuushusha mguu chini ya kitanda. Msichana akaweka kinasa sauti sakafuni, akapiga magoti kwenye yale maji, na kwa vidole vyake vya kucha ndefu akaifungua bendeji, akaugeuza mguu kuelekea dirishani.

Kisigino hakikuwepo. Kulikuwa na kitu cheusi kilicholainika, chenye shimo la kuingia kidole, na ndani ya shimo funza walikuwa wanajipinda, weupe, wanene, wanapandana. Harufu ilipanda yote kwa pamoja. Mwalimu aliona yote, akaishika fremu ya mlango, na akatapika palepale juu ya miguu yake mwenyewe. Msichana alikuwa amegeuza uso pembeni, analia, lakini mikono yake haikuuachia mguu.

Hospitali walipokelewa na daktari yuleyule. Aliinama, akatazama kwa muda, akasimama akivua glavu.

"Nilisema kioshwe kote. Nani alikuwa anaosha?"

Mwalimu alifungua mdomo. Maneno alikuwa nayo, alikuwa mtu wa maneno. Mdogo wake akamtangulia.

"Dada yangu. Kila siku, kwa mikono yake mwenyewe."

"Na huku nyuma?"

"Aliosha. Mimi ndiye mkaidi, daktari. Akishanifunga nashuka, natembea peku mpaka nje. Ameniambia mpaka amechoka."

Daktari alimgeukia Mwalimu, akangoja. Mtangazaji alikuwa amesimama karibu na pazia, magoti bado yana uchafu, naye pia anamtazama. Palikuwa na nafasi ya kutosha kabisa ya kusema. Mwalimu akaitikia kwa kichwa. Daktari akampa pole, akasema ndugu wagonjwa ni kazi, akaandika kwamba mguu ukatwe chini ya goti.

Walimkata kesho yake. Mwalimu alikaa kwenye benchi la ukumbi wa hospitali katikati ya watu wanaokohoa, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake hakuona kinyaa cha yeyote kati yao. Mzee wa pembeni alitema kwenye kopo. Mtoto alimfutia pua kwenye sketi yake, naye akaitazama ile alama inavyokauka. Kinyaa kilikuwepo, tena kizito, lakini kilikuwa kimegeuka kikamtazama yeye. Alijiona anavyosukuma beseni kwa mguu. Alijiona anavyoitikia kwa kichwa. Miaka yote aliwacheka wapaka asali, na siku ilipofika ya yeye kusema kitu kichafu kama kilivyo, aliacha kipakwe asali na mgonjwa mwenyewe, akakimeza.

Kipindi kikarushwa mdogo wake akiwa bado wodini. Mtu alikuwa na redio, akaongeza sauti. Mtangazaji alisimulia kwa sauti yake nyembamba habari za mama wa taifa la watoto, ambaye hata uzeeni, alisema, anamuuguza mdogo wake kwa mikono iliyojaa upendo, akimwimbia. Wakacheza kipande cha wimbo wa mguu, na honi zake. Wagonjwa wakapiga makofi. Mwanamke mmoja alikuja kumbusu Mwalimu mkono.

"Usinibusu," Mwalimu alisema. "Huo mkono haukufanya kitu."

Mwanamke alicheka, akasema na unyenyekevu anao, akambusu wa pili. Mwalimu aliurudisha mkono wake mapajani polepole. Alitamani kuukata, auweke pamoja na ule mguu.

Waliporudi nyumbani muuguzi alikuwa ameshaeleza kila kitu: kigutu nacho kioshwe, mshono utazamwe kila siku, ukitoa maji mje haraka, maana safari nyingine watakata juu ya goti, na baada ya hapo wasiulizwe. Asubuhi Mwalimu alichemsha maji. Aliyapooza, akatia chumvi, akabeba beseni mpaka chumba cha nyuma. Mdogo wake alikuwa ameketi kitandani, amepungua, suruali imekunjwa upande mmoja.

"Liweke hapo mlangoni," alisema. "Lisukume, nitalivuta kwa fimbo. Wewe imba tu. Sasa ni rahisi dada, nafika kote."

Mwalimu alibaki amesimama na beseni.

"Ulijua," alisema.

"Nilijua nini?"

"Kwamba nyuma hupafiki. Ulikuwa unajua toka siku ya kwanza."

Mdogo wake aliangalia ukuta wa jirani kupitia dirishani.

"Mkono haukufika. Nikajaribu na kijiti, nikajaribu na tambara. Halafu nikaanza kuisikia harufu, na mimi harufu naijua, ni kazi yangu."

"Kwa nini hukuniambia?"

"Ningekuambia ungejaribu kupashika. Ungetapika, ungejichukia, ungemtafuta muuguzi, na wewe usingekuja tena." Alijikuna kichwa. "Watoto wa watu wote umewatungia. Na mimi nikapata wangu. Ulikuwa unakuja kila siku, unakaa mlangoni pale mpaka wimbo uishe. Nikaona ngoja kwanza. Nikakaza shingo nisikugeukie, maana nakujua, ningekugeukia tu ungejua umekosea mstari."

Mwalimu aliingia ndani. Aliketi sakafuni, kwenye saruji, kitu ambacho hajawahi kukifanya katika nyumba yoyote, akaliweka beseni kati ya magoti. Glavu alikuwa amezisahau jikoni. Akaufungua mkanda wa bendeji. Ngozi ya kigutu ilikuwa imevutwa na kushonwa kama mdomo wa gunia, nyuzi nyeusi, mshono wenye vidoa vya damu iliyoganda, na harufu ya dawa juu ya harufu ya nyama. Alifumba macho, akameza, akafumbua.

"Unaona kinyaa, dada?"

"Naona. Kinyaa kinaniua."

"Basi acha, niletee mimi."

"Siachi."

Akatapika kidogo pembeni, akajifuta kwa mkono wa blauzi, akakishika kile kigutu kwa viganja vyote viwili. Kilikuwa cha moto, na kizito kuliko alivyofikiria. Mdogo wake hakujua aweke wapi mikono yake. Mwalimu hakuimba. Aliinua kigutu taratibu, akainamisha kichwa mpaka akauona upande wa chini, akaanza kuosha kutokea huko.